Mbuzi ya Nazi Kwenye Filamu ya Kimalayalam

Mjukuu wangu Salma,

Huku Guangzhou tu wazima. Babu yako yuko mtaa wa Yide Lu, anabishania bei ya wanasesere. Umeniuliza kwa nini natazama filamu za Kimalayalam na lugha siijui. Ni wivu, mwanangu.

Miaka yangu ya mwanzo hapa, Leela wa Kerala, kule India wanakosema Kimalayalam, jirani yangu wa duka, alinialika tutazame moja. Mle ndani mama kakalia mbuzi anakuna nazi, mume analalamikia samaki. Leela akacheka: "Huyo wa kaskazini mwa Kerala! Sikia anavyomwita mumewe."

"Hiyo mbuzi ni ya kwetu Unguja," nikamwambia.

"Haya dada, nionyeshe filamu yenu."

Nikatafuta. Kila filamu yetu nikakuta jumba la kupanga, gari la kuazima na watu wanazabana vibao sebuleni. Jikoni hawaingii! Mpaka leo imenikaa rohoni.

Na wewe, unayesomea filamu, unaniambia unatafuta nyumba yenye bwawa la kuogelea upigie filamu yako. Shangazi yako Makunduchi anakuna nazi kwa mbuzi kila siku huku akigombana na paka. Nenda kamrekodi. Ameniagiza mashine ya umeme ya kukunia, nami nimeshampakilia. Kontena linatoka bandari ya Nansha Ijumaa. Muda ulionao ni wa safari yake tu.

Bibi yako