Shahidi Mwenye Chupa ya Chai

3 Machi

Mke wangu,

Salamu nyingi. Mimi mzima, ila goti linanisumbua. Mjukuu anaendeleaje? Na binti yetu ameshapata nguvu baada ya kujifungua?

Kesi ya mafao yangu imeahirishwa tena. Idara ya maji inadai jalada langu limepotea, na kwamba ile miaka kumi ya mwanzo nilikuwa kibarua tu, sistahili kulipwa. Bahati nzuri nimempata Mama Simu, yule aliyekuwa akipokea simu pale ofisini. Anakumbuka kila kitu, hata siku bomba kuu lilipopasuka akaniita nikalizibe. Atanitolea ushahidi. Tunasubiri pamoja kwenye benchi la koridoni, naye huja na chupa ya chai. Chai yake nzuri sana.

Mumeo

14 Machi

Baba watoto,

Huku kwa binti yetu hatujambo. Mjukuu ananyonya vizuri.

Mjukuu umemuulizia mara moja, Mama Simu kachukua nusu ya barua. Hiyo chai yake ina nini? Mzee mzima, tena mwenye kisukari, unamsifia mkeo chai ya mwanamke mwingine. Tafuta shahidi mwenye ndevu. Au nitakuja kushuhudia mimi. Ovaroli zako miaka yote hiyo alizifua nani?

Mkeo, na bado ni mmoja tu

29 Machi

Mke wangu,

Natumaini wivu haujakupandisha presha.

Nimekusikiliza. Mama Simu nilimwambia asije, nikampeleka dereva wetu wa zamani wa idara, ndevu hadi kifuani. Alipoulizwa nilianza kazi lini, akamwomba hakimu amkumbushe. Watu wakacheka, mimi nikainama. Tumepewa nafasi ya mwisho, tarehe ishirini Mei. Nikishindwa hapo ndiyo basi, tutazeekea kwenye chumba cha kupanga.

Kuhusu wewe kushuhudia, utaulizwa nilikuwa nafanya nini kule kazini. Utajibu nini?

Mumeo

25 Aprili

Mke wangu,

Hamjambo huko? Mbona kimya? Kama nimekuudhi, niambie. Siku ya kesi inakaribia na shahidi sina.

Mumeo

12 Mei

Baba watoto,

Mjukuu mzima, na mama yake sasa anatembea. Mimi nilikuwa nimenuna.

Uliniuliza nitajibu nini mahakamani. Sijui ulikuwa unafanya nini kule. Mama Simu alikuwa na sauti yako kwenye simu kutwa nzima, akajua lini umecheka na lini umekasirika. Mimi nililetewa mtu aliyechoka, akala, akalala. Chai ilikuwa kisingizio tu. Namwonea wivu kwa ile miaka, na sasa mahakama nayo inataka kuisikia kutoka kwake.

Lakini uzee wa kuogopa mwenye nyumba siutaki. Mwambie aje aseme yote, asibakishe kitu, maana na mimi nataka kusikia. Nitafika na basi siku moja kabla ya kesi. Chai nitapika mwenyewe, ya kututosha watatu.

Na kwenye hilo benchi, katikati nakaa mimi.

Mkeo