Nukta Iliyosimama Morningside

Morogoro Mjini,
Alhamisi, tarehe 24 Julai.

Kwako Regina,

Natumaini barua hii itakukuta mguu umepungua kuvimba na usingizi umeanza kurudi. Mimi mwili ni mzima. Shuleni nako wote wazima. Kidato cha pili kila siku wananiuliza mwalimu wao wa Baiolojia atarudi lini, na mimi ndiye ninayekushikia vipindi. Nifikishie shikamoo kwa baba na mama hapo Mlali. Mwambie mama kapu la njegere na karoti lilifika salama kwa mkono wa kaka yako Lukasi, ambaye alinieleza kwamba ni shukrani ya mama kwangu kwa kumrudishia mwanawe. Lukasi alipoondoka nililiweka jikoni nikakaa nalitazama. Mpaka leo sijapika chochote kilichomo.

Utajiuliza kwa nini nakuandikia kwenye karatasi wakati tunapigiana simu karibu kila jioni. Nimejaribu mara tatu kukwambia kwa simu. Kila mara unaanza wewe kuniuliza nimekula nini, nimelala vipi, kama vile mgonjwa ni mimi, nami naishia kukujibu hayo tu. Ujumbe wa simu nao niliuandika nikaufuta. Nimeona bora Lukasi akuletee hii, uisome ukiwa peke yako, nami nisiwe na namna ya kukatiza.

Nianze mbali kidogo. Unakumbuka Januari, kiongozi wetu Benedikto alipotutangazia mashindano ya kikundi chetu cha Jumamosi: kila mmoja aweke ile programu ya kupanda milima kwenye simu, ijumlishe mita zake hadi mwisho wa Juni, na mwanamke mmoja na mwanamume mmoja watakaoongoza waende Kilimanjaro mwezi wa tisa kwa niaba yetu. Nilifurahi kuliko wote. Mimi ndiye niliyekuwa nikiielewa programu ile, na watu wakaanza kuniita fundi. Aliyeona mlima wake umeandikwa mita elfu tisa alikuja kwangu. Aliyesahau nywila alikuja kwangu. Sijawahi kupendwa hivyo mahali popote, Regina, hata nyumbani kwetu Dumila.

Shida zako za mwanzo nilizitatua kwa moyo safi, na Mungu ni shahidi. Mwezi wa pili saa yako ya mkononi ilipogoma kushikana na simu, nilizima vyote viwili, nikafuta muungano wa zamani nikaunganisha upya, vikashikana. Mwezi wa tatu ramani ilipokuchora umepita angani kama ndege, nilikufundisha usimame kwanza mahali peupe dakika tatu, simu ipate setilaiti, ndipo ubonyeze kuanza. Saa ilipokataa kuingia chaji nilisugua vile vishikizo vya nyuma kwa kitambaa na spiriti, kwa sababu jasho lilikuwa limevigandia. Ulicheka ukasema ningefaa kuwa daktari wa saa.

Kuanzia hapo ukawa unapaa. Umekulia kwenye miteremko, unapanda huku unapiga soga, wakati mimi nahesabu pumzi. Kufikia Mei ulikuwa umenipita kwa mita elfu mbili na zaidi.

Ndipo shida nyingine ikaja: safari zako zikawa zinakatika katikati. Ukaniletea simu na saa ofisini kwa walimu, ukaniachia ukaenda kufundisha vipindi viwili. Uliporudi nilikwambia saa imechoka, labda utafute nyingine siku za mbele. Ukakubali bila swali. Siku hiyo nitairudia.

Sasa nikueleze Jumamosi ile ya tarehe 21 Juni, kwa sababu wewe unaijua kwa upande wako tu. Saa kumi na moja alfajiri uliniandikia kwamba unatangulia peke yako, upande kilele cha Bondwa mara mbili kabla mwezi haujaisha, ufidie mita zilizopotea. Ukamalizia kwamba tusiwe na wasiwasi, tutakuona kwenye ramani ya programu. Sisi tuliondoka mjini saa mbili kama kawaida. Njiani Benedikto alifungua simu akatuonyesha nukta yako ya kijani, imesimama Morningside, nusu ya njia, pale kwenye nyumba ya zamani. Akasema umechoka mapema leo, unatusubiri.

Tulifika saa nne. Hukuwepo. Tukapiga simu, ikaita bila kupokelewa. Uliniambia hospitalini kwamba uliisikia ikiita chini yako korongoni, begi likiwa limeporomoka mahali usipoweza kufika na mguu ule. Siwezi kuusikia mlio wa simu sasa bila kukumbuka maneno hayo.

Benedikto alitugawa makundi. Wengine waliteremka kwenye kijito, wengine wakazunguka nyumba, wengine wakaingia kwenye matuta ya mboga wakiita jina lako. Mama mmoja mkulima, Yuliana, aliyekuwa anapalilia kabichi, alituambia wazi kwamba amemwona msichana mwenye koti jekundu akipita kwenda juu tangu asubuhi, tena wamesalimiana. Benedikto akamwonyesha simu, akamweleza kwa adabu kwamba huenda ulirudi bila yeye kukuona, maana ramani inaonyesha uko hapa hapa. Mama Yuliana aliitazama ile nukta, akatutazama sisi, akasema, “Mimi nimemwona kwa macho yangu, baba.” Kisha akarudi kwenye kabichi zake.

Saa sita ukungu ukaanza kushuka. Hapo ndipo niliposema huenda programu imeganda na tupande juu. Nilitangulia mimi. Kwenye kona ya tatu baada ya kuingia msituni niliona udongo umemomonyoka ukingoni, nikaita, na wewe ukaitikia kwa sauti iliyokauka. Mengine unayajua. Mama Yuliana ndiye aliyeleta wanaume wenye miti na kanga mbili, wakakubeba kwa kupokezana mpaka barabarani.

Wodini, mbele ya wote, ulinishika mkono ukasema, “Shamsia alihisi. Wengine wote waliamini simu, yeye alihisi.” Na wenzetu walilishika neno hilo hadi jana. Walimu wananitambulisha kwa wageni kwa neno hilo.

Regina, sikuhisi. Nilijua.

Siku ile ya Mei ofisini, tatizo la simu yako nililipata kwa dakika mbili. Haikuwa saa. Simu ilikuwa imejiweka kwenye kuokoa chaji, kwa hiyo kila ukiiweka begini inaizima programu kimyakimya. Na saa yako haina setilaiti yake, inategemea simu. Simu ikilala, nayo inalala. Niliondoa kizuizi, nikatoka uani kujaribu, ikafanya kazi vizuri kabisa. Kisha nikafungua jumla ya mita zako, nikaiweka karibu na yangu. Nilikaa pale mpaka kengele ikakaribia kulia. Nikarudisha kizuizi. Nikaongeza na jingine: nikaipangia programu ijue ulipo pale tu unapoitazama, ukifunga kioo isijue. Halafu nikakwambia saa imechoka.

Sikufikiria kwamba nukta ya kuonyesha ulipo inatumia ruhusa hiyo hiyo. Hilo naapa, ingawa sijui kama bado ninacho kiapo. Nilichotaka ni mita tu. Wiki zile wenzetu walipokutania kwamba unapandia kitandani, nami nilicheka.

Lakini Jumamosi ile njiani, Benedikto aliponyoosha simu yake, nililielewa lote kwa mara moja. Nukta ilikuwa inaonyesha mahali ulipofungua simu mara ya mwisho, saa moja na dakika kumi. Haikuwa inaonyesha ulipo. Nilijua hivyo tulipofika. Nilijua mama Yuliana aliposema amekuona, na nilikuwa nimesimama hatua mbili kutoka kwake. Ningesema neno moja, tungepanda saa nne ile ile. Nilikaa kimya kwa sababu wangeniuliza nimejuaje. Nikawa nakuita jina kwenye matuta, kwa sauti kubwa kuliko wote, mahali ninapojua hupo. Saa mbili nzima, Regina. Ulikuwa umelala kwenye ubaridi mfupa umetoka, na mimi nilikuwa natafuta namna ya kusema bila kujulikana.

Hilo la saa mbili ndilo linaloniamsha. La Mei ni wivu, na wivu naufahamu. La pili sijui hata nilipe jina gani.

Jana nilimwita Benedikto na wenzetu, nikawaeleza kama ninavyokueleza. Nafasi ya Kilimanjaro waliyoniandikia nimeiacha. Sikuiacha ili nionekane mwema. Nisingeweza kuvaa hata viatu. Hakuna aliyenitukana. Benedikto aliniuliza tu, “Na Regina anajua?” Nilipojibu bado, akasema kikundi kitaniondoa, na kwamba nisikae na jambo hili hata siku moja zaidi. Ndiyo maana leo naandika.

Daktari alikwambia mwaka mzima bila mlima, na huenda goti lisirudi kama zamani. Sina cha kuweka mahali pa hilo. Nitaendelea kufundisha vipindi vyako mpaka urudi, na usihesabu hiyo kuwa fadhila. Sikuombi unisamehe kwa barua. Naomba uniruhusu nije Jumapili, baada ya ninyi kutoka kanisani, niseme haya mbele ya baba na mama kwa mdomo wangu, maana mama ananiombea dua kwa lile analoliona wema, kumbe ni kosa nililomtendea. Ukiona hunitaki nyumbani kwenu, mwambie Lukasi asimame njia panda. Nikimwona hapo nitageuza bila kuuliza.

Na kama utaona ni heri mama asijue, basi iwe kwa ajili ya moyo wake. Usimfiche kwa ajili yangu.

Wasalimie wote wa nyumbani. Mungu akuponye mfupa huo, akupe na watu wa kweli wa kukaa karibu nawe. Kila barua niliyowahi kukuandikia ilimalizika kwa “rafiki yako”. Leo naliacha neno hilo mkononi mwako.

Ni mimi,
Shamsia