Mama Kwenye Mkanda wa Zamani

Shangazi yangu mpendwa,

Shikamoo. Natumaini goti lako limepata nafuu. Mimi mzima, ila paa la jikoni bado linavuja na fundi ananipiga chenga.

Kazini tunahariri filamu ya kutisha. Mwongozaji amenunua mikanda ya zamani iliyorekodiwa kwenye hospitali ya wagonjwa wa akili, ili wagonjwa wale wa kweli waonekane kama mizimu. Mimi ndiye ninayechagua vipande. Jumanne tulimwona mwanamke amekaa kitandani, anacheka peke yake. Mwongozaji akapiga makofi: "Huyo huyo! Anatisha kuliko mwigizaji yeyote."

Nikasogelea skrini. Ilikuwa sura yangu, Shangazi, mpaka mwanya. Kisha akaingia msichana mwenye kitana, akaanza kumchana nywele taratibu. Ulikuwa wewe.

Uliniambia mama alifariki nikiwa mchanga. Kopo la mkanda limeandikwa mwaka nilioanza darasa la kwanza.

Nikamwambia mwongozaji, "Huyo ni mama yangu." Akasema, "Basi, tutamficha uso." Nikakikata kipande kile, nikakitia mkobani, nikatoka. Sidhani kama bado nina kazi.

Sikuandikii kwa hasira. Ulimchana vizuri, kwa upole. Lakini Jumamosi nakuja. Kama amekufa kweli, nionyeshe kaburi. Kama bado yuko, vaa viatu, twende.

Mwanao uliyemlea