Kasuku wa Alfonce

Kijiji cha Ujamaa,
Nyakisasa,
S.L.P. 9,
Ngara.

10 Oktoba, 1979

Mpendwa wifi yangu Verediana,

Pokea salamu nyingi kutoka nyumbani. Habari za Mtwara, na joto la huko unalionaje? Uliandika kwamba unalala madirisha wazi na bado unaamka umelowa jasho. Pole. Sisi huku baridi ya asubuhi inatutafuna na mvua zimeanza. Mama hajambo ila miguu yake ile ile. Watoto wazima. Koleta ameng'oka meno mawili ya mbele na sasa anafunika mdomo kila akiongea. Mimi nami ni mzima wa mwili.

Nimefurahi kusikia kwamba wauguzi wenzako wamekuambukiza kupenda michezo ya kuigiza ya Wazungu, ile ya zamani na ile ya kuwakejeli wakubwa. Unaniuliza usome ipi baada ya ule wa kwanza. Umemuuliza anayejua, na ukisema najisifu, sema. Sanduku la yule padre mzee aliyerudi kwao Ulaya bado liko kwenye darasa letu la elimu ya watu wazima. Michezo yote aliyoitafsiri kwa Kiswahili na kuipiga chapa kwa mkono wake nimeisoma, mingine mara tano.

Anza na ule wa dada wawili wanaomgombea karani wa mahakama. Wanatukanana, wanafichiana viatu, wanaandikiana barua za uongo, kumbe karani anafuata supu ya mpishi wao tu. Utacheka mpaka mgonjwa wa kitanda cha pili akuulize kulikoni. Usitafute maana kubwa humo, haimo.

Ukitaka wa huzuni, uko mmoja wa kale sana, wote mashairi. Mama anawaficha wanawe wawili chini ya sakafu wasichukuliwe vitani. Vita vinaisha, lakini yeye anaogopa kufungua, kila siku anawaambia bado vinaendelea. Huo usiusome ukiwa peke yako. Mimi niliusoma mwezi wa pili, nikajikuta nipo upande wa yule mama.

Wa tatu ndio ninaoupenda kuliko yote, na huo habari zake unazo, maana Alfonce alikuwa akikuandikia. Wazee wa mji mmoja mdogo hawawezi kuamua jambo lolote, basi wanamwendea kasuku wa bibi tajiri na kumuuliza kila kitu. Hawajui kwamba anayejibu ni mtumishi aliyejificha nyuma ya pazia. Kila jibu la kijinga wanalipigia makofi na kulifanya sheria. Katibu kata wetu alipoutazama mwaka juzi hakutoa hata jino, ndipo nikajua kwamba ni mchezo mzuri.

Mtumishi alikuwa kaka yako. Darasani hatuna pazia, tukatundika kitenge cha Mama, naye akakaa nyuma yake juu ya kigoda, haonekani hata kidole. Wazee wanauliza nani awe mwenyekiti, na kitabu kinasema kasuku ajibu, "Mimi." Alfonce alikuwa anasema, "Mimi, lakini leteni kwanza maharage." Watu walikuwa wanaanguka kwenye mabenchi.

Desemba alipoondoka na mgambo kwenda vitani, mwalimu Ansbert alitaka kumpa mtu mwingine sehemu yake. Mama akakataa katakata. Alisema ukitoa nafasi ya mtu aliye safarini unamfungia njia ya kurudi. Basi tukawa tunatundika kitenge, tunaweka kigoda, na panapofika maneno yake tunanyamaza kwa muda wa kuyasema, halafu tunaendelea. Tunasoma Jumapili saa kumi, jua bado linawaka na mlango uko wazi, kwa hiyo usifikiri nakusimulia mambo ya gizani.

Mara ya kwanza, kwenye kile kimya, watu walicheka. Sikushangaa, maneno wanayajua kwa moyo. Barua yake ya mwisho ilitoka Masaka, huko Uganda, mwezi wa tatu. Baada ya hapo hatukupata kitu, na Jumapili watu waliendelea kucheka pale pale.

Mwezi wa saba akahamia kijijini bwana mmoja anaitwa Habimana, ametoka upande wa Rusumo. Hajamwona Alfonce kwa macho yake, kitabu hajakishika, wala kusoma hajui. Jumapili yake ya kwanza alikaa mbele karibu na kitenge. Kimya kilipofika, yeye ndiye aliyecheka kabla ya wote. Nilimfuata nje nikamuuliza amecheka nini. Akanitazama kana kwamba mimi ndiye mwenye kasoro. "Si huyo kasuku anayetaka maharage," akasema.

Wifi, maharage hayamo kitabuni. Nikajiambia kuna mtu kamsimulia. Nikawauliza watu wa darasa mmoja mmoja, wote wakakana. Niliogopa, na nilifurahi pia, siwezi kukudanganya. Jumatatu yake nililima huku naimba.

Nikaanza kukaa mbele mimi mwenyewe, bega langu karibu liguse kitenge. Sikusikia kitu hata siku moja. Wenzangu wanacheka, mimi mke wake nimetega sikio kama kiziwi. Hilo liliniuma kuliko hofu yenyewe. Kwa muda nilimchukia Habimana wa watu, ambaye hakunikosea lolote.

Jumapili iliyopita, tarehe saba, mzee Privatus aliuliza swali lake, nani awe mwenyekiti. Tukanyamaza kama kawaida. Hakuna aliyecheka. Habimana alikuwa ameinama mbele, mkono sikioni. Privatus akalirudia swali, jambo ambalo hajawahi kulifanya. Nilisikia mbuzi wa jirani wanalia nje, basi. Watoto wadogo wakaanza kuinuka mmoja mmoja kuwafuata mama zao, bila mtu kuwaita.

Mama akasimama. Alifungua mafundo ya kitenge taratibu, akakikunja, akasema kwa Kihangaza kwamba sasa sehemu hiyo apewe mtu mwingine. Hakulia. Hakuna aliyethubutu kuichukua, kwa hiyo nilikwenda mimi. Nilipokaa, kigoda kilikuwa na joto, Verediana, joto la mtu aliyeinuka sasa hivi. Nikasoma lile neno moja la kitabuni, sikuongeza kitu, na mchezo tukaumaliza.

Barua ya serikali haijaja. Xavery aliyerudi kutoka vitani wiki mbili zilizopita anasema hakumwona Alfonce, lakini bado wako vijana wetu wengi kule. Nilimweleza Mama hivyo. Akanijibu kwamba mwanawe anamjua. Wazee wamekubali tuweke matanga Jumamosi ya tarehe kumi Novemba. Mimi sina hakika, na huenda nisiwe nayo mpaka nizikwe. Lakini Mama amekwisha kuvua shanga zake, na siwezi kumwacha aomboleze peke yake.

Nimeanza na vitabu kwa sababu sikujua nitalianzia wapi hili. Nisamehe. Hapa kwangu wanawake wametayarisha wembe, maana mjane lazima anyolewe. Nimewaambia wangoje. Omba ruhusa kazini, chukua basi mpaka Dar es Salaam na treni mpaka Mwanza. Minani mwenye lori la pamba atakungoja Biharamulo kuanzia tarehe sita. Nimekwisha kuongea naye.

Mama anakusalimu, anasema ujifunike kifua njiani. Mzee Privatus na mwalimu Ansbert wanakusalimu. Koleta anakuuliza kama wauguzi wana dawa ya kuotesha meno haraka. Mungu akutangulie kwenye safari, akushike mkono mpaka mlangoni petu.

Njoo uninyoe wewe, wifi. Una vidole kama vyake.

Mimi wifi yako, leo na baada ya matanga,

Adelfina