Mwendo wa Bibi

Burnsville, Jumamosi, Machi 2015

Hata sasa sijui nilimjibu nini jaji wa mashindano aliponipongeza kwa ajili ya binti yangu.

Wiki nzima nilikuwa nimemkasirikia Neema. Mashindano ya historia shuleni, mambo yote ya dunia yapo, na binti yangu anachagua nyambizi za Wajerumani zilizozamisha meli Atlantiki! Nilimwuliza, "Vita tulivyovikimbia Kongo havikutosha?" Akanijibu kwa Kiingereza, kama kawaida yake, kwamba sielewi.

Leo jaji akamwuliza kwa nini meli zilizowindwa na nyambizi hizo zilikwenda pamoja, kwa mwendo wa ile ya polepole kuliko zote. Si zenye kasi zingejiokoa?

Neema hakutazama karatasi. Akasema meli ikiachwa peke yake huwindwa kwa urahisi, lakini kwenye msafara kuna za kuilinda. Halafu akaongeza, "Mama yangu alipokimbia vita, watu wote wa nyumbani walitembea mwendo wa bibi yangu. Hakuna aliyemwacha nyuma. Walifika wote."

Habari hiyo nilimsimulia mara moja tu, kwa Kiswahili, nikiwa namsuka, naye macho yakiwa kwenye simu. Nilidhani hanisikii. Bado nahofia lugha itampotea, lakini leo...

Zawadi ya kwanza hakupata. Basi.

Tulipotoka, pakingi yote ilikuwa barafu. Wenzake walikimbilia magari. Neema aliona ninavyouburuta mguu wenye goti linaloniuma, akanishika mkono, akatembea mwendo wangu.