Waya wa Breki wa Kaka Elia

8 Agosti 1993. Nilitoka Singida kuja kumzika kaka Elia, masika yamepita, na bado niko hapa Bunju nachanganya zege.

Mama alisema nisirudi bila gitaa la kaka. Wenzake wa bendi hawataki kulitoa.

Leo nimekwenda Temeke kuwasikiliza mazoezini. Sefu, ndiye anayelipiga sasa, ametia nyuzi mpya zote sita. Sauti tamu kama ya redioni. Nimekasirika hata soda waliyonipa sikuimaliza. Kaka hakubembeleza mtu. Miaka ile nyuzi zilipoadimika, alifunga waya wa breki ya baiskeli mahali pa uzi wa tatu, na gitaa likawa linakwaruza mpaka meno yanauma.

“Braza, siku hizi nyuzi zimejaa Kariakoo,” Sefu akaniambia. “Mie nipige breki mpaka lini?”

“Kwani watu walikuwa wanalalamika?”

“Sana. Wanalalamika huku wanacheza.”

Nikamuuliza waya wenyewe uko wapi. Akacheka, akaufungua dirishani, alikuwa ametundikia pazia. Umeingia kutu pale jasho la vidole vya kaka lilipokuwa linagusa.

Gitaa nimewaachia. Naogopa mama atasema nimedanganywa kama mtoto. Huenda ni kweli. Lakini kile alichokipiga kaka, kwenye lile gitaa sasa hakimo.

Nageuka geuka tu, usingizi hauji. Ijumaa tunamaliza kumwaga msingi. Jumamosi napanda basi la kwenda kwa mama, na waya nimeuviringisha ndani ya kofia.