Nyumba ya Baba Haikurudi

Saada,

Wali umo sufuriani, samaki nimemfunika. Kuku hawajala, usijifanye hukusoma hapa.

Asubuhi simu ilijaa. Nikalifuta lile gemu lako la shamba, nipate pa kuziweka sauti alizonitumia marehemu baba yako. Nilidhani mchezo tu. Rafiki yako Ummi amelirejesha kwa akaunti yako, lakini nakala iliyohifadhiwa ni ya kabla ya msiba. Mpunga umerudi, ng'ombe wamerudi. Ile nyumba uliyomjengea baba yako haimo. Hata sikujua kama ulimjengea, Ummi ndiye kaniambia. Mimi kazi yangu kukugombeza.

~~Usilie.~~ Lia, mwanangu, kisha ule.

Nimekwenda Konde sokoni. Nikirudi nifundishe kujenga. Baraza yake nitaiweka mimi.

Mamaako